Vikuku, Magodoro na Dumbaki la Baba Yako

Chumbageni, Tanga
Baada ya alasiri

Mwanangu Athumani,

Salamu siziandiki, maana tumeamkiana asubuhi hii hii, mimi jikoni na wewe ukinawa uso uani. Lakini shikamoo uliyonipa leo ilikuwa ya nusu mdomo. Ya jana ilikuwa hivyo hivyo, na ya juzi. Mimi nimekuitikia marahaba nzima kila mara, kwa sababu sijui namna ya kuikata vipande.

Sasa umekwenda Tongoni kuwaaga jamaa za baba yako, na najua hutarudi kabla ya magharibi. Nimefunga mlango wa uani na nimemwambia Bi Nuru leo asinijie na habari za mtaa. Naye amenuna, ameketi barazani kwake, anapepeta mchele usio na pumba. Nimechukua kalamu yako bila ruhusa. Naandika kwa hati za Kiarabu za chuoni, ndizo nilizofundishwa, na wewe wazijua. Mkono wangu ukikushinda kusoma, soma polepole, usimpelekee mtu akusomee. Haya ni ya kwetu wawili.

Sitakuandikia habari za kula na kulala, wala nguo zipi ufue mwenyewe. Umeshakuwa mtu mzima, na Mombasa kuna watu, si pori. Huko utakuta mabaya na mazuri kama unayoyakuta hapa, isipokuwa wa kule wanasema kwa lafudhi ya kupendeza zaidi. Ninalotaka kukuandikia ni lile lililokaa baina yetu tangu juma lililopita, ambalo kila nikilifungulia kinywa unachukua baiskeli unaondoka.

Ami yako Juma amekwambia kwamba mwaka ule fundi wa kunasa sauti alipokuja kukirekodi chama chetu, mimi mamako ndiye niliyetaka baba yako atolewe mlangoni na dumbaki lake, ili nisikike mimi peke yangu. Amekwambia aliona kwa macho yake, baba yako akitoka na kigoda chake mkononi kama mtoto aliyefukuzwa chuoni. Nawe ukaichukua santuri yetu, ukaipiga na kuipiga, sikio lako limebandikwa kwenye gramafoni, kisha ukaja kuniita. "Sikiliza hapa, mama. Ubeti wa tatu. Pigo la baba halipo. Wamemweka mbali, na bado hawakutosheka, wakamkata na pigo lake." Nilitaka kukujibu. Ukasema, "Nakwenda kujifunza kazi ya yule fundi, lakini si kwa kumpenda. Nikishaijua nitarudi, na hakuna mpiga ngoma atakayekaa mlangoni mbele yangu."

Mwanangu, maneno yale yaliniuma, sikufichi. Yameniuma kwa sababu kesho utapanda basi ukakae chini ya mtu unayemchukia ufundishwe naye, na utamwacha nyuma mama unayemchukia kidogo, na wote wawili unatuchukia kwa jambo ambalo halikuwa. Au lilikuwa, lakini si hivyo. Siku ile wewe hukuwapo. Surua ilikuwa imekushika, uko kwa bibi yako Tongoni unapakwa dawa. Kwa hiyo nitakusimulia mimi, tangu mwanzo, nawe uamue mwenyewe.

Fundi Dominiki alikuja na gari lililojaa vumbi la mkonge. Alikuwa ametoka mashambani kunasa ngoma za manamba, na kofia yake ilikuwa imegeuka rangi. Mtu mfupi, Mgoa, kazaliwa Mombasa, Kiswahili chake chatushinda sisi. Mashine yake ya utepe ilikula betri ya gari, na alikuwa na kipaza sauti kimoja tu. Hilo ulishike, maana wewe utazikuta mashine za siku hizi, na sijui zimefikia wapi. Siku ile kipaza sauti kilikuwa kimoja, kimesimama juu ya mguu wa chuma katikati ya chumba, na sisi tulikuwa watu wengi. Hapakuwa na kifungo cha kumpunguza huyu na kumzidisha yule. Ukitaka mtu asikike kidogo, unamwambia asogee. Kuchanganya sauti kulikuwa ni kuhamisha viti.

Na hapo ndipo balaa lilipoanza, kwa sababu viti vya chama chetu vilikuwa na wenyewe. Wewe umekikuta chama kimeshalegea. Zamani zile mtu alikaa kwa heshima yake. Mzee Kibwana, mwenye nyumba tuliyokutania na mwenye fidla, mbele kabisa. Pembeni yake baba yako, kwa kuwa wao wawili ndio walioanzisha chama, tena kile kigoda alikichonga mwenyewe kwa mkono wake wa useremala. Kisha wengine kwa kufuatana. Mimi mwimbaji, pamoja na sifa zote nilizopewa arusini, kiti changu kilikuwa safu ya pili. Niliingia chamani nyuma yao.

Fundi aliingia chumbani, akapiga kofi moja, akasikiliza. Akapiga jingine. Akatikisa kichwa.

"Chumba hiki chanijibu," akasema. "Nataka chumba kisichojibu."

Kuta zilikuwa za chokaa, sakafu ya saruji, na kila neno lilikuwa likirudi. Akauliza kama twaweza kupata magodoro. Mke wa Mzee Kibwana akatoa ya kwake, sisi tukaenda kuchukua ya kwetu, jirani wa nyuma akatoa lake bila hata kuuliza, na vijana wa chama wakaleta majamvi ya msikitini yale ya kuazimisha. Wakayapitisha mtaani mchana kweupe, kichwani, mmoja nyuma ya mwingine, wakayaingiza ndani. Mengine tukayasimamisha ukutani, mengine tukatandika chini. Nadhani umeanza kuona tunakokwenda, kwa sababu wewe ni mtoto wa mtaa huu. Sisi hatukuona. Tulikuwa tumeshughulishwa na chuma kile.

Kisha fundi akaniambia niimbe kidogo apime. Nikaimba. Akasimamisha mkono.

"Mama, vikuku vyako vyalia kuliko weye."

Nilikuwa nimevaa vya fedha, mikono yote miwili, na vipuli. Nani anakwenda kuimba bila kujipamba? Nilikataa. Nilimwambia mikono mitupu si mikono ya mwanamke mwenye mume. Baba yako akacheka, akasema, "Vua, Mwanakombo. Mume yuko hapa anakuona." Nikavua, kwa hasira, nikampa yeye avishike. Nikaimba tena. Fundi akasema sasa ni gauni. Lilikuwa la taftai, nimelishona kwa siku ile hasa, na kila nikivuta pumzi linachakarisha. Mke wa Mzee Kibwana akaniingiza ndani, akanipa shuka yake nyeupe ya pamba nijifunge. Basi nikarudi nimekaa pale, shuka nyeupe, mikono mitupu, masikio matupu, magodoro yamenizunguka. Nilijihisi mnyonge, lakini sikujua kwa nini.

Jambo la mwisho lilikuwa makelele ya nje. Fundi akataka mtu asimame njiani azuie watu. Ndipo ami yako Juma alipopewa kazi. Alisimama pale kona, kidole mdomoni, kila apitaye anamnyamazisha, wenye baiskeli anawashusha wakokote. Akaifanya kazi ile vizuri sana, na ndiyo sababu hakuona kilichotokea ndani. Nakuomba ukumbuke hilo. Ami yako si mwongo. Alisema alichokiona, na alichokiona kilikuwa mlango tu.

Tukaimba mara ya kwanza. Fundi akarudisha utepe, akatuambia tusikilize. Hakuna kati yetu aliyewahi kujisikia. Kwanza likaja dumbaki. Kisha likaja dumbaki. Nyuma yake kwa mbali kabisa kulikuwa na mwanamke anaita, kama mtu aliyefungiwa ukumbini na funguo zimepotea.

"Nani huyo anayelia kwa puani?" nikauliza.

Wakanitazama wote. Mwanangu, nilikuwa nimeimba miaka yote ile nikidhani sauti yangu ni ile ninayoisikia mimi kichwani. Siku ile nikajua kwamba watu wengine wana sauti yangu nyingine, na kwamba hiyo ndiyo wanayoipenda, si ile. Utakapokuwa fundi, utawafanyia watu wengi jambo hilo, utawarudishia sauti zao. Utaona nyuso zao. Usicheke. Fundi Dominiki hakucheka, aligeuka akajitia anafuta mashine.

Akaanza kuhamisha viti. Na hapa nitamsema, ingawa mtu mwema: aliwahamisha watu bila kuwaambia kwa nini. Alimshika Mzee Kibwana bega, akaonyesha kwa kidole nyuma ya kijana mpiga fidla mwenzake. Mzee Kibwana akaangalia kile kidole, akaangalia kiti, akalaza fidla mapajani.

"Mie sikai nyuma ya mtoto niliyemfundisha kushika upinde," akasema. "Hata kama anayetaka ni gavana."

Fundi akarudia, kwa adabu, lakini bila maelezo. Alidhani kila mtu anasikia anachosikia yeye. Mzee akazidi kuwa mti. Tukakaa tunatazamana, betri inaliwa. Mwisho fundi akasema basi tuimbe hivyo hivyo, kila mtu pale pale, mimi tu nisimame nikisogelee kile chuma.

Nikakisogelea. Athumani, sijapata kuimba vibaya kama vile. Mimi naimba kwa watu. Naimba kwa mama mmoja aliyekunja leso yake anataka kuja kunituza na bado anasitasita, naimba mpaka anasimama. Chuma hakisitasiti. Niliimba kama mtu anayesoma majina ya barabara. Fundi aliona, baba yako aliona, mimi nilijisikia. Tukarudia. Nilikuwa karibu kusema basi, chukua mwimbaji mwingine, funga mashine yako.

Hapo ndipo mlango uliposukumwa.

Bi Nuru aliingia na buibui lake amelifunga kichwani, nyuma yake wanawake wa mtaa, mmoja na birika la kahawa, mwingine kabeba mkeka wake kwapani. Walikuwa wameona magodoro yakipita. Wakaona majamvi. Wakaona watu wa baiskeli wanashuka na ami yako kidole mdomoni. Wakauliza, "Kwa Kibwana kuna nini?" na ami yako, kwa kuwa ameagizwa asiruhusu maneno, akatikisa kichwa tu. Nani angehitaji zaidi ya hapo? Wakaenda kuvaa.

Bi Nuru akapenya katikati ya magodoro, akaniona. Shuka nyeupe. Mikono mitupu.

"Uwiii! Mwanakombo mwenzangu weye!" Akanivamia shingoni. "Bakari! Bakari katutoka lini, na mbona hamkutuma mtu?"

Wenzake wakadakia kilio nyuma yake. Mashine ilikuwa inazunguka, ikanasa yote. Na baba yako yuko pale, kakaa juu ya kigoda, dumbaki gotini, vikuku vyangu vimening'inia kidoleni.

"Nipo hapa, Bi Nuru," akasema. "Kama kuna haraka, ningojeeni nimalize wimbo."

Bi Nuru alimtazama. Kisha akakaa chini pale pale alipokuwa, akajifunika uso kwa buibui, na sikujua kama analia au anacheka, na nadhani naye hakujua. Kisha chumba kizima kikapasuka. Hata Mzee Kibwana, ambaye alikuwa amenuna mpaka masharubu, alicheka akashika ubavu. Mama mwenye birika akauliza sasa hii kahawa aimwage wapi. Tukaimwaga vikombeni.

Fundi Dominiki alingoja tutulie. Nilidhani atawafukuza wanawake. Badala yake alipiga kofi moja, kama lile la mwanzo, akasikiliza, akapiga tena, uso ukamfunguka.

"Kina mama, msitoke," akasema. "Kaeni chini hapo hapo. Chumba sasa hakijibu kabisa. Watu mwashinda magodoro."

Wakakaa, na mabuibui yao, mikeka yao, wamejaa mpaka karibu na miguu ya chuma kile. Na mimi nikapata nyuso. Bi Nuru alikuwa mbele yangu, macho yamemvimba kwa kumlilia mume wangu aliye hai. Nikajua nitamwimbia nani.

Lakini bado palikuwa na dumbaki. Fundi alimtazama baba yako, kisha akamtazama Mzee Kibwana, akaona atawasha moto mwingine. Hakusema neno. Nami sikusema neno, naapa mbele ya Mungu wangu. Ni baba yako aliyesimama. Aliusikia ule utepe wa kwanza kuliko sisi sote, kwa kuwa alikuwa na sikio, hilo sikio ulilonalo wewe. Aliona Bi Nuru hana pa kunyoosha miguu. Akamwambia, "Chukua nafasi yangu, Bi Nuru, marehemu hahitaji kiti." Akachukua kigoda chake, akapita katikati ya wanawake akiomba radhi, akaenda mpaka mlangoni. Fundi akamfuata kwa macho. Baba yako akakaa kizingitini, akapiga mara moja, akamwangalia fundi. Fundi akaashiria kwa mkono, bado. Akatoka nje hatua, kigoda kikawa barazani. Akapiga. Fundi akasema, "Hapo ndipo."

Ami yako alikuwa pale kona. Aliona kaka yake, mwanzilishi wa chama, anatoka nje na kigoda mkononi, na mkewe ndani, mbele, karibu na mashine. Angefikiri nini? Ningekuwa mimi ningefikiri hayo hayo.

Mzee Kibwana alipoona Bakari ametoka mwenyewe, akajikohoza, akainua kiti chake akarudi nyuma bila kuambiwa. Akasema alitaka upepo wa dirishani.

Sasa nitakwambia lile ambalo ami yako hakuliona, na kama angeliona angekuwa na haki ya kunisema. Baba yako alipokaa pale nje, mimi nilifurahi. Niliimba mstari wa kwanza nikasikia sauti yangu imesimama peke yake, safi, hakuna kinachoipanda mgongoni, na nikafurahi mpaka moyoni. Sikumwita arudi. Sikugeuka hata kumtazama. Kama unataka kunichukia kwa hilo, una pa kushika. Lakini kumtoa, sikumtoa.

Tukaimba wimbo wote. Tulipomaliza hakuna aliyepumua mpaka fundi alipofunga mashine. Akamtazama baba yako pale mlangoni, akauliza, "Bwana Bakari, turudie?" Baba yako akainamisha kichwa, anachezea ngozi ya dumbaki. Mimi sikuelewa kwa nini anaulizwa yeye peke yake. Fundi akangoja kidogo. Kisha akasema, "Hapana. Hii ndiyo yenyewe." Akaanza kukunja nyaya zake.

Santuri ikaja baada ya miezi mingi, hata tulikuwa tumekata tamaa. Ulikuwepo, unakumbuka tulivyokusanyika. Siku ile watu walijaa, hakuna aliyesikia kitu kwa makelele. Kesho yake tukaiweka mimi na baba yako peke yetu, wewe shuleni. Ikafika ubeti wa tatu. Nikasikia unachokisikia wewe. Pigo halipo. Dumbaki linakuja, linakuja, kisha mahali panapotakiwa pigo pana kimya, na sauti yangu inapita pale peke yake, kisha dumbaki linarudi kwa haraka, kama mtu aliyeamshwa.

"Bakari," nikamwambia, "hapa ulilala?"

Akatabasamu, lakini kwa aibu. Mpiga dumbaki wa umri wake, mwanzilishi, kupoteza pigo! Akatazama mlango kama kuna mtu.

"Sikulala. Nilikuwa nakusikiliza."

"Hujanisikiliza miaka yote hii?"

"Mie hukaa na dumbaki gotini, Mwanakombo. Lanijaa masikio. Nakusikia maneno niyafuate, basi. Pale mlangoni ndipo nilipokusikia. Nikasahau kupiga."

Nilikuwa na la kusema, sikulisema, nilisema kitu kingine, nadhani nilimuuliza kama anataka chai. Akanishika mkono. "Usimwambie Kibwana. Atanisimanga mpaka kaburini. Usimwambie mtu."

Nikamwahidi. Ndiyo maana sikukwambia, mwanangu. Baada ya muda si mrefu akaanza kukohoa, kikohozi kikawa homa, homa ikamchukua, nawe wajua yaliyobaki. Magodoro yakapita mtaani mara ya pili, ya matanga ya kweli. Bi Nuru akaja tena, safari hii hakupiga yowe, alikaa akanivua vikuku mwenyewe, kimoja kimoja, kwa sababu vidole vyangu vilikataa. Tangu hapo kila nikitaka kukwambia habari za pigo lile nakumbuka nimeahidi, na nikikumbuka nimeahidi nakumbuka na mengine, basi naingia jikoni. Nilikuachia kimya, na kimya kile ami yako akakijaza kwa alichonacho. Leo navunja ahadi. Mzee Kibwana mwenyewe sasa masikio yameziba, hata ukimwambia hatamsimanga mtu.

Kwa hiyo hawakumkata. Hakuna aliyemkata. Mahali pale pa kimya ndipo baba yako alipo kuliko mahali pengine popote kwenye santuri ile. Sehemu nyingine zote yuko kazini. Pale ameweka mkono chini, ananisikiliza mimi. Nimeipiga mara nyingi wewe ukiwa gereji unatengeneza redio za watu, naipitisha yote nikingojea pale tu. Na fundi Dominiki alisikia siku ile ile. Ana masikio, alijua pigo limepotea, angeweza kuturudisha tukaimba upya na pigo likawa mahali pake. Aliacha. Sijui kwa nini aliacha, sikupata kumuuliza. Kamuulize wewe. Kama unataka jambo la kuanzia naye, anza na hilo, uliza kwa adabu, kisha nyamaza umsikilize. Barua yake ya kukukubali ilipokuja alikuita mtoto wa Bakari. Hakusema mtoto wa Mwanakombo, ingawa jina lililo juu ya santuri ni langu.

Kazi hiyo unayoiendea siijui. Nimesikia siku hizi kule wana vipaza sauti zaidi ya kimoja na meza yenye vifungo vya kuzungusha, na kwamba wapo mafundi wengine pamoja naye, vijana waliosomea ng'ambo. Watakufundisha vifungo. Mimi ninalo moja tu, na si la vifungo. Ukimhamisha mtu kiti, mwambie kwa nini. Mwambie kwa mdomo, mbele ya wenzake, na jina lake ulitaje. Fundi Dominiki angesema neno moja, "Bwana Bakari, dumbaki lako lina nguvu, nenda mlangoni ili maneno ya mkeo yasikike," ami yako angepata habari jioni ile ile, na wewe usingekaa juma zima bila kunitazama machoni. Jambo lile jema likaharibika kidogo kwa kukosa neno. Si makosa makubwa. Lakini tazama yalivyokaa miaka, yakaja kutukuta mimi na wewe jikoni.

Na siku moja mtu wako mwenyewe atapoteza pigo. Utamsikia, maana sikio lako ni kali, lilinitisha hata mimi. Kabla hujasema turudie, mtazame kwanza uso.

Jua limeshuka, kalamu yako inavuja, imenichafua kidole. Bi Nuru ameacha kupepeta, anajidai anafagia mbele ya mlango wangu ili asikie kama nalia. Mwambie ukipita kwamba nilikuwa napika.

Santuri nimeitia sandukuni mwako, katikati ya kanzu mbili, nimeifunga kwa leso yangu. Usinirudishie. Naijua yote, hata pale pasipo na kitu. Ukiipiga kule usikae karibu na gramafoni kama ulivyozoea. Nenda kakae mlangoni.

Barua hii naiweka juu ya kitanda chako, utaikuta ukirudi. Huna haja ya kuijibu, wala kuja kuniomba radhi, tutaanza kulia wote wawili na mchuzi utaungua. Kula, lala. Basi linaondoka alfajiri nami nitakuwa nimeamka mapema kukuchemshia chai. Utanikuta jikoni. Nipe shikamoo yangu nzima, mwanangu, halafu uende.

Mamako,
Mwanakombo